Vidole vilevile: Thomas A. Dorsey kati ya baa na madhabahu

Mwaka 1987, nikiwa darasa la tano pale Morogoro, mpiga kinanda wa kanisa letu alitengwa. Tulimwita Mwalimu tu, kama wanavyoitwa walimu wa kwaya karibu wote. Kosa lake mji mzima ulilijua: Jumamosi usiku alikuwa anapiga kinanda cha umeme kwenye bendi ya dansi, katika baa moja karibu na stendi, na Jumapili asubuhi anakuja kukanyaga kinanda cha kanisani, macho mekundu, lakini hajachelewa hata siku moja. Wazee wa kanisa walivumilia kwa muda, kisha wakaandika barua. Barua ile naijua vizuri kwa sababu katibu wa baraza la wazee alikuwa baba yangu. Aliiandika mezani kwetu baada ya chakula cha usiku, mimi nikifanya hesabu za shule upande wa pili wa chemli.

Barua ilimwachia Mwalimu mlango wa kurudi. Asimame mbele ya waumini, akiri kwamba muziki wa kidunia ni dhambi, aombe msamaha, arudishwe kundini. Mwalimu hakusimama. Alifunga kifuniko cha kinanda, akaacha daftari lake la nyimbo juu yake, akahamia Dar es Salaam. Kwaya yetu iliimba bila kinanda kwa karibu miaka miwili.

Habari hii niliisahau, au nilidhani nimeisahau, mpaka nilipoanza kusoma maisha ya Thomas Andrew Dorsey. Niseme mapema kabisa, maana wengi huchanganya: huyu siye Tommy Dorsey, yule Mzungu mpiga tromboni aliyeongoza bendi kubwa za swing huko Marekani. Ninayemzungumzia mimi ni Mwamerika Mweusi wa Georgia, mpiga piano, ambaye wengi humwita baba wa muziki wa injili. Kila kijana anayebonyeza kinanda kanisani leo, awe Chicago au Kimara, akiteleza kutoka kitufe cheusi kwenda cheupe ili sauti ilie kidogo, anatumia kitu ambacho Dorsey alikipigania mpaka kikaruhusiwa kuvuka mlango wa kanisa.

Maisha yake husimuliwa kwa namna moja, na pengine wewe msomaji umewahi kuyasikia hivyo. Palikuwa na mwanamuziki wa bluzi na jazi, mtu wa mabaa. Mungu akamchapa: mke akafa, mtoto akafa. Usiku ule wa kilio akaketi kwenye piano, wimbo ukashuka kutoka mbinguni, na tangu siku hiyo akaiacha dunia akawa mtumishi. Ni ushuhuda mzuri. Una umbo tulilolizoea: zamani nilikuwa, kisha yakanipata, sasa niko. Shida ni kwamba tarehe zinakataa. Na nikishaziweka tarehe zile mezani, huwa namwona baba yangu na kalamu yake.

Tuanze mwanzo. Dorsey alizaliwa tarehe 1 Julai 1899 katika mji mdogo wa Villa Rica, jimbo la Georgia. Baba yake alikuwa mhubiri wa Kibaptisti ambaye pia alilima mashamba ya watu kwa kugawana mazao. Mama yake, Etta, alikuwa na kinanda nyumbani na alikipiga. Mjomba wake alikuwa mpiga gitaa la bluzi. Kwa hiyo huyu mtoto hakukulia kanisani kisha akapotelea duniani. Vyote viwili vilikuwa ndani ya ukoo mmoja, pengine hata ndani ya chumba kimoja.

Mwaka 1908 hivi familia ilihamia Atlanta, na huko umaskini ukawashusha chini zaidi. Thomas aliacha shule mapema. Alipata kibarua cha kuuza vinywaji na bisi katika ukumbi wa 81 Theatre, mtaa wa Decatur, mahali walipopita wasanii wakubwa Weusi wa enzi hizo, Ma Rainey na Bessie Smith wakiwemo. Aliwatazama wapiga piano wa ukumbi, akarudi nyumbani kujaribu alichokiona. Baada ya muda mfupi alikuwa anapiga kwenye sherehe za majumbani na kwenye madanguro, akiitwa Barrelhouse Tom. Hapo bado hajatimiza miaka ishirini.

Kisha Chicago. Hapa inabidi tukumbuke uhamaji mkubwa wa Wamarekani Weusi kutoka mashamba ya Kusini kwenda miji ya viwanda ya Kaskazini. Mwaka 1910 Chicago ilikuwa na watu Weusi wapatao 44,000. Mwaka 1930 walikuwa zaidi ya 233,000. Dorsey alikuwa mmoja wa hao, akahamia huko mwaka 1919. Kazi aliyoipata kwanza inanifurahisha sana. Marekani ilikuwa inaingia katika miaka ya kupigwa marufuku pombe, na watu walifanya sherehe za siri usiku wa manane. Piano ilihitajika, lakini ikipigwa kwa nguvu polisi wanasikia. Basi Dorsey akajifunza kupiga taratibu, kwa mguso mwepesi, watu wacheze polepole huku majirani wamelala. Wakampa jina la mpiga piano anayenong'ona. Ule unong'onezi uliotokana na kuogopa polisi ndio uliokuja kuufanya muziki wake wa kanisani uwe kama mtu anayekuzungumzia sikioni.

Sasa angalia tarehe. Mwaka 1920 alisajili wimbo wake wa kwanza wa bluzi. Mwaka 1921 alihudhuria mkutano mkuu wa Wabaptisti Weusi uliofanyika Chicago, akamsikia mwimbaji W. M. Nix, na jinsi Nix alivyoivuta na kuipindapinda nyimbo ya kanisa ikamwingia moyoni. Akaanza kutunga nyimbo za dini, akashika kazi ya kuongoza muziki katika kanisa dogo. Lakini kanisa dogo lina mshahara mdogo, kwa hiyo akarudi kwenye bendi. Mwaka 1923 King Oliver na bendi yake ya Creole Jazz Band, iliyokuwa na kijana Louis Armstrong kwenye tarumbeta ya pili, walirekodi wimbo uitwao "Riverside Blues", ambao Dorsey ni mmoja wa watunzi wake. Yaani ndani ya miaka mitatu huyu jamaa alikuwa mtunzi wa bluzi, mtunzi wa nyimbo za dini, na jina kwenye lebo ya mojawapo ya santuri za mwanzo kabisa za jazi ya watu Weusi.

Hapa kwetu neno jazi lilipata maana yake lenyewe. Morogoro Jazz, Tabora Jazz, Kilwa Jazz, Western Jazz: zilikuwa bendi za dansi, na ukienda kutafuta New Orleans ndani ya magitaa yao hutaipata sana. Ila kuna jambo moja neno hilo lilivuka nalo bahari bila kubadilika. Huku na kule, mpiga jazi alikuwa mtu ambaye mama mkwe anamtilia shaka.

Mwaka 1924 Ma Rainey, mwanamke aliyeitwa mama wa bluzi, alihitaji bendi ya kuzunguka nayo. Dorsey ndiye aliyemkusanyia wapigaji na kuwaongoza. Waliitwa Wild Cats Jazz Band. Wapenzi wa tamthilia watamkumbuka Ma Rainey kupitia "Ma Rainey's Black Bottom" ya August Wilson, iliyofika Broadway mwaka 1984 na kufanywa filamu mwaka 2020. Mpiga piano katika tamthilia ile, Toledo, ni wa kubuniwa, na ndiye pekee katika bendi anayejua kusoma. Nikimtazama Toledo na vitabu vyake huwa namwona Dorsey kwa mbali, maana thamani ya Dorsey kwa wenzake ilikuwa hiyohiyo: alijua kuandika muziki kwenye karatasi. Mtu anamwimbia, yeye ananakili. Mwaka 1925 alimwoa Nettie Harper, na Nettie akaungana naye safarini akiwa mtunza mavazi ya Ma Rainey.

Mwaka 1926 giza likamwangukia. Kwa takriban miaka miwili Dorsey hakuweza kufanya kazi. Alikonda, akakata tamaa, akafikiria kujiua. Leo tungeita sonona. Mwaka 1928 shemeji yake alimpeleka kanisani, na mhubiri aliyesifika kwa kuponya akamwombea. Dorsey mwenyewe alisimulia maisha yake yote kwamba alitolewa nyoka hai. Alipopata nafuu akaahidi kumtumikia Mungu kwa muziki.

Ushuhuda ungeishia hapa, makofi yapigwe. Lakini mwaka huohuo wa 1928 mpiga gitaa Tampa Red alibisha hodi na maneno ya wimbo wenye mafumbo ya chumbani, akamwomba Dorsey atie muziki. Dorsey alisitasita. Alikuwa ameahidi. Tampa Red akamweleza juu ya pesa, na jamaa akaketi kwenye piano. Wimbo huo, "It's Tight Like That", ulinunuliwa vibaya sana. Wakazaa mtindo mzima wa nyimbo za kuchekesha, zile ambazo mtoto anacheka bila kujua anachokichekea, na kwa miaka minne iliyofuata wakarekodi makumi ya nyimbo za namna hiyo. Kwenye santuri aliitwa Georgia Tom.

Na wakati huohuo Georgia Tom alikuwa anahangaika kuuza nyimbo za injili. Alichapisha nakala, akatuma kwa posta kwa mamia ya makanisa, kimya. Alikwenda mwenyewe na mwimbaji, mwimbaji asimame aimbe, yeye apige, kisha wauze karatasi mlangoni. Mara nyingi walitolewa nje. Mwaka 1930, mkutano mkuu wa Wabaptisti ukiwa tena Chicago, mwimbaji Willie Mae Ford Smith aliimba wimbo mmoja wa Dorsey asubuhi bila Dorsey kujua. Watu wakataka urudiwe, ukarudiwa. Walipomwita mtunzi aje, aliuza nakala 4,000. Hebu piga picha: mtu mmoja, wiki hii yuko studio na nyimbo za mafumbo, wiki ijayo yuko mlangoni mwa mkutano wa kanisa akiuza injili. Na mikono ni hiyohiyo miwili.

Waliompinga walikuwa akina nani? Ni rahisi kuwacheka leo, lakini mimi nimelelewa na mmoja wao, kwa hiyo nitajaribu kuwatendea haki. Makanisa makubwa ya Weusi pale Chicago yalikuwa na waumini waliosoma, wenye kwaya zinazoimba Handel na Mozart kwa noti safi. Katika nchi iliyowaambia kila siku kwamba wao si watu kamili, kuimba Handel bila kukosea ilikuwa hoja. Ilikuwa ni kusema: sisi nasi tunaweza. Halafu wanakuja wahamiaji kutoka Kusini kwa maelfu, wanapiga makofi, wanalia kwa sauti, wanayumba, na sasa anakuja mpiga piano wa Ma Rainey anataka kuweka yale yote katikati ya ibada. Kwa wazee wale, kupiga bluzi kanisani kulikuwa ni kuwapa Wazungu ushahidi.

Sisi nasi tunayo hesabu yetu ya namna hiyo. Makanisa mengi ya kimisionari huku kwetu yalipokea nyimbo za Ulaya pamoja na marufuku ya ngoma, na vizazi viwili vitatu baadaye marufuku ile ilikuwa imeshakuwa yetu wenyewe, tunailinda kuliko walioileta. Baba yangu hakumchukia Mwalimu. Alimwogopea. Yeye alikuwa mtoto wa mtu aliyezikwa kwa ngoma, na kinanda cha kukanyaga kwake kilikuwa kipimo cha umbali aliotembea.

Mwaka 1931 mchungaji wa kanisa la Ebenezer, J. H. L. Smith, aliyetoka Kusini, alitaka kusikia muziki wa kwao. Aliwaita Dorsey na mwenzake Theodore Frye waunde kwaya mpya. Frye alikuwa mwimbaji wa kutembea ukumbini, Dorsey akisimama na kupiga piano huku amesimama vilevile, kama alivyozoea jukwaani. Watu walisimama nao. Mapema mwaka 1932 kanisa la Pilgrim, chini ya mchungaji J. C. Austin, likamchukua Dorsey aongoze kwaya yake ya injili. Jengo la Pilgrim lilikuwa sinagogi hapo awali, limesanifiwa na Dankmar Adler na Louis Sullivan, wasanifu maarufu wa Chicago. Dorsey angekaa hapo kwa miongo kadhaa.

Kwa hiyo ilipofika Agosti 1932, mtu huyu hakuwa mlevi wa baa anayengoja kupigwa radi. Alikuwa na kwaya, alikuwa na wimbo uliouza maelfu, alikuwa ameanza kuwaunganisha viongozi wa kwaya za injili. Tarehe za ushuhuda zimeshapita zamani.

Mwezi huo alialikwa St. Louis kwenye mkutano wa uamsho. Nettie alikuwa mjamzito, siku zimekaribia. Dorsey alisimulia baadaye kwamba alipoondoka na gari aligundua amesahau mkoba wa karatasi za muziki, akarudi, akamkuta Nettie amelala. Moyo ukasita. Akatoka tena kimyakimya. Siku iliyofuata, akiwa jukwaani St. Louis, mtu alimletea telegramu. Alipiga simu nyumbani, akaambiwa Nettie amefariki wakati wa kujifungua. Mtoto wa kiume alikuwa hai. Dorsey akakimbilia Chicago, akamkuta mwanawe, na kabla siku haijaisha sana mtoto naye akafa. Waliwazika katika jeneza moja.

Siku chache baadaye Frye alikwenda naye hadi Poro College, taasisi ya Annie Malone, yule mama Mweusi aliyetajirika kwa biashara ya dawa za nywele. Kulikuwa na piano chumbani. Dorsey akaketi akaanza kuchezesha vidole, na hapo ukatoka "Take My Hand, Precious Lord". Frye ndiye aliyemshauri neno moja katika mwanzo wa wimbo, Dorsey akalikubali.

Kuna jambo ambalo ushuhuda huliruka. Tuni ya wimbo ule haikushuka ikiwa mpya. Ni tuni ya zamani ya wimbo wa ibada iitwayo Maitland, ya karne ya 19, ambayo Wabaptisti wengi waliijua. Dorsey aliichukua, akaipunguza mwendo, akaacha nafasi kati ya mistari ili mwimbaji avute pumzi na piano ijibu. Ndivyo bluzi inavyofanya kazi: sauti inasema, chombo kinajibu. Piano haiwezi kukunja noti kama koo linavyokunja, kwa hiyo mpigaji anadanganya sikio; anagusa vitufe viwili vinavyopakana kwa pamoja, au anateleza kutoka kimoja hadi kingine, na wewe unasikia kilio. Mbinu hiyo alijifunza Atlanta, kwenye nyumba ambazo mzee wa kanisa asingekubali kuonekana. Siku aliyofiwa hakuwa na vidole vingine vya kulilia. Alikuwa na hivyo.

Simpunguzii kitu kwa kusema hivi, wala sipunguzi imani ya anayeamini wimbo ulitoka juu. Ninachosema ni kwamba kama ulitoka juu, ulipita Decatur Street.

Yaliyofuata yanajulikana zaidi. Mwaka 1933 umoja wa kitaifa wa kwaya za injili ulikutana, Dorsey akiwa rais, cheo alichokaa nacho kwa miongo. Duka lake la kuchapisha nyimbo lilikua, na hapo tumtaje Sallie Martin, mwanamke ambaye Dorsey mwanzoni hakuvutiwa na sauti yake. Martin ndiye aliyegundua kwamba hesabu za duka hazieleweki, akazipanga, akasafiri mji kwa mji kuanzisha kwaya. Bila mama huyu Dorsey angebaki na nyimbo nzuri ndani ya droo. Mwaka 1940 waliachana, naye akafungua kampuni yake ya uchapishaji pamoja na Kenneth Morris. Huyo Morris ndiye aliyeingiza kinanda cha Hammond katika kanisa la First Church of Deliverance, Chicago, mwaka 1939, na sauti ile ya Hammond leo ndiyo watu wanayoifikiria wakisikia neno injili. Ndani ya miaka kumi tangu Dorsey atolewe nje na piano yake, kanisa lilikuwa linanunua kinanda cha umeme.

Mahalia Jackson, binti aliyetoka New Orleans, alifundwa na Dorsey na kuzunguka naye akiuza nyimbo zake. Dorsey alimtungia "Peace in the Valley", wimbo ambao Elvis Presley aliurekodi mwaka 1957. Tarehe 4 Aprili 1968, Memphis, Martin Luther King alikuwa amesimama kwenye ukumbi wa juu wa hoteli akizungumza na mpiga saksofoni Ben Branch aliyekuwa chini. Alimwomba usiku ule ampigie "Precious Lord", aupige vizuri. Muda mfupi baadaye risasi ililia. Mahalia aliuimba kwenye mazishi. Wimbo ulioanza kwa jeneza moja la mama na mtoto ukawa wa taifa zima.

Dorsey alifariki Chicago tarehe 23 Januari 1993, akiwa na miaka 93, kumbukumbu zimeshamtoka kwa maradhi ya uzeeni. Januari 2006 moto uliteketeza Pilgrim, zikabaki kuta.

Kitu kimoja sikukikuta popote katika maisha yale: siku ambayo Dorsey aliikana bluzi. Aliacha kuirekodi, ndiyo, kuanzia miaka ya 1930. Lakini alipoulizwa uzeeni hakuwa akiinamisha kichwa. Alisema haoni aibu, na kwamba hisia inayomliza mtu kwenye bluzi ndiyo ileile inayomliza kanisani. Michael Harris, aliyeandika kitabu "The Rise of Gospel Blues" mwaka 1992, alimchukulia hivyohivyo: si mtu aliyeruka kutoka upande hadi upande, bali mtu aliyejenga muziki wake kwa vitu vyote viwili. Ushuhuda unataka mtu amkatae aliyekuwa jana. Historia inamwona aliyekuwa jana akiwa bado amekaa palepale kwenye kiti, anapiga.

Baba yangu alifariki mwaka 2011. Tulipokuwa tunapanga vitu vyake, chini ya sanduku la nguo nilikuta kitu kimefungwa kwenye gazeti la zamani. Kilikuwa daftari la Mwalimu. Kumbe siku ile baba alilichukua juu ya kinanda, akalitunza kwa miaka 24. Hakuwahi kunieleza kwa nini, nami sikuwahi kujua kuuliza. Mbele zilikuwa nyimbo za ibada kwa noti za do-re-mi, penseli imechongwa vizuri, sauti zote nne. Nilipoligeuza kinyumenyume, kurasa za nyuma zilikuwa na nyimbo za dansi. Mwandiko uleule, mistari ilinyooshwa kwa rula ileile. Katikati ya daftari pande hizo mbili zilikutana, na kati yao palikuwa pamebaki ukurasa mmoja mtupu.

Nilimtafuta Mwalimu, nikampata Magomeni. Ameshakuwa mzee, anafundisha kinanda vijana wa makanisa ya siku hizi, ambao hakuna anayewauliza Jumamosi walikuwa wapi. Nilimpa shikamoo, nikamwambia mimi ni mtoto wa nani. Akaitikia, akanyamaza kidogo. Nikampa daftari. Alilifungua mbele, akalifungua nyuma, akapitisha kidole kwenye mstari mmoja kama anayesoma kwa mkono. Nilikuwa nimejiandaa kwa maneno mengi, hata kumwombea baba radhi.

"Ile Fa iliyokuwa inakwama," akasema, "walishaitengeneza?"

Nikamwambia kinanda kiko stoo, panya wametoboa mifuko ya upepo.

Akatikisa kichwa, akasikitika kweli. "Ilikuwa haitaki nguvu. Ukishaibonyeza unainyanyua kidogo na kidole cha pili." Akaweka mkono juu ya meza ya plastiki, akanionyesha. "Hivi, mwanangu. Umeona?"